Saladi ya karoti na bitiruti mbichi: kwa nini yangu inageuka chungu kabla ya saa saba?

MpishiWandegeya (mwenye uzi)
Hodi jamvini. Nauza chakula cha mchana hapa Wandegeya, Kampala, wateja wangu ni wanafunzi na watu wa ofisini. Miezi miwili sasa nimeongeza saladi ya mizizi mibichi kwenye sahani: karoti, bitiruti, figili kidogo, kitunguu, limau, chumvi na mafuta ya alizeti. Nakwangua saa kumi na moja alfajiri, nachanganya, nafunika, naweka chini ya meza. Saa hiyo nikionja ni tamu mpaka naongeza kijiko cha pili.

Ikifika saa saba nakuta mambo mawili. Kwanza, chini ya beseni kuna maji mekundu ya kujaza kikombe. Pili, saladi yenyewe ina uchungu unaobaki nyuma ya ulimi. Si uchachu wa limau, ni uchungu. Jana mteja aliisukuma pembeni ya sahani kwa uma, akala matoke na mchuzi wa karanga, akaondoka bila kusema kitu. Afadhali angenitukana.

Karoti nanunua soko la Kalerwe, yale mafungu ya jioni bei ikishuka. Nani kashakutana na hii?

KijanaWaRolex
Dada, mimi nakaanga rolex, ile chapati ya kuviringishwa na mayai, mwaka wa nne. Ndani naweka nyanya, kitunguu na kabichi. Uchungu sijawahi kuuona. Achana na bitiruti, nyanya haina kesi.

AfandeMstaafu
Unameza dawa gani siku hizi? Mimi nilipewa Flagyl ya tumbo, wiki nzima hata chai ilikuwa na ladha ya msumari.

MpishiWandegeya
Afande, dawa nimeze mimi, uchungu ausikie mteja?

AfandeMstaafu
Nimekubali. Narudi nyuma hatua tatu.

MkulimaKapchorwa
Nyabo, hebu zitazame hizo karoti juu, pale majani yalipokatwa. Zina mabega ya kijani? Karoti ikitokeza juu ya udongo, jua linaipiga, bega linageuka kijani na pale pana uchungu. Sisi huku mteremko wa Elgon tunapandishia udongo ili kichwa kisionekane. Asiyepandishia anauza hivyo hivyo, na karoti za namna hiyo ndizo zinazobaki mpaka jioni, kwa sababu wanunuzi wa asubuhi wamekwisha kuchagua. Fungu la jioni ni mabaki ya macho ya watu wengine.

Pili ni hali ya hewa. Mvua ikikata mapema na joto likazidi, karoti inakuwa na ile harufu kali inayokaribia mafuta ya taa, na utamu unapungua. Mbegu ni ile ile, Nantes au Chantenay, shamba ni lile lile, lakini msimu huu mtoto anaitafuna kama muwa na msimu ule anaitema. Kwa hiyo kabla hujailaumu mikono yako, laumu mvua.

MpishiWandegeya
Nimekwenda jikoni kuangalia. Kati ya kumi na nane, nne zina kijani kidogo. Sasa mbona alfajiri sisikii uchungu?

MtuWaMaabara
Hilo swali lako la mwisho ndilo swali lenyewe. Kama uchungu ungekuwa wa shambani, ungeusikia alfajiri. Tuambie, karoti zinalala wapi usiku, na zinalala na nani?

AfandeMstaafu
Zinalala na nani! Jamani, uzi huu una watoto.

MpishiWandegeya
Zinalala stoo, kwenye gunia. Pembeni kuna mkungu wa bogoya, zile ndizi tamu za kuiva, na kreti ya parachichi.

MtuWaMaabara
Haya. Ndizi inayoiva inatoa gesi ya ethilini. Parachichi vilevile, embe vilevile. Ndiyo gesi ambayo watu wanaitega wanapofunika ndizi mbichi kwa majani ili ziive haraka. Karoti haiivi kwa gesi hiyo, lakini inaitikia: inaanza kutengeneza kemikali za kujikinga za kundi la aisokumarini, ambazo kwenye ulimi ni uchungu mtupu. Nyingi zinajikusanya karibu na ganda. Na karoti iliyokatwa au kukwanguliwa inaitikia zaidi kuliko iliyo nzima, maana imejeruhiwa. Sasa wewe unakwangua alfajiri, unaiacha chini ya meza, na juu ya meza nahisi kuna bogoya za wateja.

MpishiWandegeya
Banange! Kweli ziko juu ya meza.

KijanaWaRolex
Kesi imefungwa, ndizi amekutwa na hatia. Afande, lete pingu.

MamaBusia
Msifunge kesi haraka. Niko Busia, duka na mgahawa, karoti na ndizi zangu zimelala chumba kimoja tangu mwanangu wa kwanza akiwa shule ya msingi, na huyo mwanangu sasa ana ndevu. Saladi yangu haijawahi kukataliwa.

Mimi nauliza limau. Unalikamua vipi? Wengi wanalikata katikati, wanalibana kwa mkono mpaka ganda linalia, mbegu zinaingia ndani ya beseni, ile nyama nyeupe inaingia, halafu wanaiacha saladi saa nane nzima. Mbegu ya limau itafune uone. Zikikaa mbegu ishirini ndani ya karoti zilizolowa, uchungu unatoka polepole. Ndiyo maana alfajiri hausikii.

MtuWaMaabara
Mama, hapo una hoja nzuri kuliko ulivyotarajia. Juisi ya jamii ya machungwa ina kitu ambacho si kichungu tunda likiwa zima, ila ukikamua, kikakutana na uchachu, kwa saa kadhaa kinageuka kuwa limonini, ambayo ni chungu. Tatizo linajulikana zaidi kwenye machungwa kuliko malimau, lakini mbegu na ile nyama nyeupe ndiko kwenye shehena.

MamaBusia
Sikusoma maabara, nimesoma mbegu.

MpishiWandegeya
Mbegu huwa naziona, sikatai. Natoa zile zinazoelea.

MamaBusia
Na zilizozama?

MzeeKasese
Nami niongeze la tatu. Beseni. Beseni la plastiki lililokwaruzwa na kisu linashika sabuni. Ukiliosha usiku kwa sabuni ya unga na usilisuuze mara mbili, asubuhi ile sabuni inaingia kwenye saladi. Bibi yangu alikuwa akituonjesha maji ya kusuuzia kwa ncha ya kidole. Ukisikia utelezi au uchungu, unarudia.

KijanaWaRolex
Mzee, bibi yako alikuwa na beseni la plastiki?

MzeeKasese
Alikuwa na sufuria. Kanuni ni ile ile, kijana.

DadaNtinda
Naona mmeng'ang'ania uchungu, maji mekundu mmeyasahau. Hilo nalijua kwa sababu lilinitesa kwenye harusi ya mdogo wangu. Chumvi inavuta maji. Ukishanyunyiza chumvi kwenye kitu kibichi kilichokwanguliwa, maji yaliyo ndani ya chembechembe yanatoka kuifuata chumvi nje. Kadiri kikwangulio kilivyo na matundu madogo ndivyo unavyopasua chembechembe nyingi zaidi na ndivyo unavyopata supu.

Ninavyofanya sasa: karoti nakata kwa kisu vijiti vyembamba kama njiti za kiberiti. Ni kazi, mkono unachoka, lakini inatafunika na hailii. Figili naitia chumvi peke yake robo saa, naikamua kwa kitambaa safi, maji namwaga. Bitiruti naipaka mafuta kwanza kwenye bakuli lake, kisha naichanganya mwisho kabisa, ukiwa unapakua. Ile rangi inayeyuka kwenye maji, siyo kwenye mafuta, kwa hiyo mafuta yanaizuia kidogo isikimbilie karoti. Siku ya kwanza nilipofanya hivi karoti zilibaki na rangi yao ya machungwa mpaka jioni, na shangazi aliuliza nimenunua wapi.

Chumvi na limau weka kwenye chupa, tikisa, mwagia sahani kwa sahani.

MpishiWandegeya
Sahani themanini, dada. Vijiti vya kiberiti kwa sahani themanini nitaanza kukata leo nimalize Krismasi.

DadaNtinda
Basi tumia matundu makubwa. Na kikwangulio kikali. Kile butu hakikwangui, kinasaga.

Mwanafunzi_Mkr
Samahani natoka nje ya mada. Mimi ni mmoja wa wanaokula Wandegeya, sijui kama ni kwako. Siku moja nilikula bitiruti nyingi, kesho yake asubuhi chooni nikaona nyekundu. Nilikaa pale nikamkumbuka mama yangu. Nikaenda kliniki moja, nikapimwa mkojo, nikapimwa damu, nikalipa hela ya matumizi ya wiki, na hakuna aliyeniuliza nimekula nini. Aliyeniuliza ni mlinzi wa hosteli. Alicheka mpaka akaegemea geti.

AfandeMstaafu
Mlinzi huyo apandishwe cheo.

MtuWaMaabara
Inatokea kwa baadhi ya watu tu, wengine wanaimeng'enya ile rangi isionekane. Mkojo na choo vyote vinaweza kuwa vyekundu na haina madhara. Ila usikariri vibaya: kama hujala bitiruti na umeona nyekundu, nenda hospitali siku hiyo hiyo.

BintiArua
Nimesoma yote nacheka. Sisi West Nile mzizi mbichi ni muhogo. Ule mtamu, unamenya, unatafuna na karanga za kukaanga, ukiwa njiani kutoka shamba. Nilikuwa nawaza, mbona hamuuweki kwenye saladi? Ukikatwa vipande vidogo na karoti na limau utakuwa unakwaruza vizuri kwenye meno.

MzeeKasese
Binti, usimpe mfanyabiashara wazo hilo. Sisi Kasese tunalia bado. Septemba 2017 watu walikula chakula cha msibani, 98 wakaugua na wawili wakafa, sababu sianidi ya muhogo. Muhogo mbichi si wa kuchezea.

MtuWaMaabara
Mzee, idadi iko sawa, lakini tusahihishe: ule haukuwa muhogo wa kutafuna, ulikuwa unga. Ugali wa unga wa muhogo mchungu. Linaloongezeka hapo ni kwamba hata kusaga na kupika hakukutosha kuondoa sumu. Muhogo una kitu kinaitwa linamarini. Ukiupasua unakutana na kimeng'enya chake na sianidi inatoka. Kinachoiondoa ni kuvundika, kuloweka, kukausha vizuri na kupika hewa ikipita. Ule mtamu una kidogo, mchungu una nyingi, lakini kwa macho huwezi kuapa. Kwenye beseni la kuuza watu themanini, muhogo mbichi hapana.

BintiArua
Nimeelewa. Nitaendelea kutafuna wa kwetu nyumbani kimya kimya, kipande kimoja.

MkulimaKapchorwa
Na magimbi mabichi msijaribu kabisa. Yana fuwele kama sindano ndogo, zinachoma koo. Mtoto wa jirani alijaribu kwa kushindana na wenzake, alikaa ametoa ulimi nje kama mbwa wa mchana.

KijanaWaRolex
Na ayirishi mbichi?

MkulimaKapchorwa
Kiazi Ulaya kibichi wanga wake haukubaliani na tumbo, na kikiwa kijani kina solanini. Kaanga chipsi, kijana, kaa na kazi yako.

MwalimuJinja
Mbona hakuna aliyetaja kiazi kitamu? Tuna kile cha rangi ya chungwa, Kabode, jina lake la kitaalamu NASPOT 10 O. Kina vitamini A kuliko wengi wanavyodhani, na kimetoka kwa wataalamu wetu wenyewe. Robert Mwanga alipewa Tuzo ya Chakula Duniani mwaka 2014 kwa kazi hiyo. Mimi nakikwangua kibichi, nachanganya na karoti.

DadaNtinda
Mwalimu, ni 2016. Na hakuwa peke yake, walikuwa wanne: yeye, Maria Andrade, Jan Low na Howarth Bouis.

MwalimuJinja
Nimesahihishwa, asante. Wanafunzi wangu wasione uzi huu.

AfandeMstaafu
Kiazi kitamu kibichi nimekula sana ujanani. Unang'oa, unafuta udongo kwenye suruali, unauma. Tatizo lake ni baadaye. Nilikula viwili vizima Jumamosi, Jumapili nikakaa kanisani benchi la mbele. Tumbo liliimba kabla ya kwaya.

MtuWaMaabara
Wanga mbichi, Afande, pamoja na kizuizi cha kumeng'enya protini. Kidogo kwenye saladi hakina neno. Ukikwangua, loweka kwenye maji dakika chache, ule unga mweupe utulie chini, kisha chuja. Vinginevyo saladi inakuwa na chaki. Halafu kwa Mwalimu: ile rangi ya chungwa, ya karoti na ya kiazi, mwili unaichukua vizuri ikiwa na mafuta, na kwa kweli inapatikana zaidi ikipikwa kuliko ikiwa mbichi. Kwa hiyo mafuta ya alizeti ya Mpishi si mapambo.

MamaBusia
Hapo ndipo mnaponichosha. Jana mlisema mboga mbichi ndiyo yenye vitamini, leo mnasema kupika. Kesho mtasema tule majivu.

MtuWaMaabara
Vitamini C inapotea motoni, ile ya karoti inafunguka motoni. Kila moja na tabia yake, Mama, kama watoto.

MzeeKasese
Niulize jambo moja: hii kitu ni kachumbari au saladi?

MamaBusia
Kachumbari ni nyanya, kitunguu na pilipili. Kwisha.

DadaNtinda
Kachumbari ni chochote kibichi kilichokatwa kikatiwa ndimu. Neno lenyewe lilikuja na Wahindi, na wao wanaweka karoti na figili.

KijanaWaRolex
Kama haiingii kwenye rolex si kachumbari.

MuuguziMbale
Nawasalimu. Nimesubiri mtu aseme kuhusu kuosha, naona mko kwenye harusi na tuzo. Hivi ni vitu vinavyotoka ardhini na havipiti motoni. Mayai ya minyoo yanang'ang'ania kwenye mikunjo ya ganda, na siki au limau haviyaui, msidanganyane. Kumbukeni homa ya matumbo ya Kampala mwaka 2015, maji machafu na juisi za mitaani ndivyo vilivyotajwa. Osha udongo kwanza kwa brashi chini ya maji yanayotiririka, ndipo umenye, halafu osha tena kwa maji yaliyochemshwa au yenye klorini. Ukimenya kabla ya kuosha, kisu kinauingiza udongo ndani. Na saladi iliyokwanguliwa ikikaa saa nane kwenye joto la Kampala bila friji, uchungu ndiyo shida yako ndogo.

MpishiWandegeya
Muuguzi, umenigusa. Friji ipo, lakini umeme wa mtaani kwetu una ratiba yake. Naosha kwa maji ya kuchemsha, hilo sichezei. Kuhusu kumenya, nikiri: karoti simenyi. Nasugua tu, ili zisipungue uzito.

MtuWaMaabara
Simenyi!!! Nilisema uchungu mwingi uko karibu na ganda.

MkulimaKapchorwa
Na mimi nilisema mabega. Kata kichwa kidole kimoja.

MamaBusia
Na mimi nilisema mbegu.

*(siku nne baadaye)*

MpishiWandegeya
Wakuu, mrejesho. Nilitenga makopo matatu.

Kopo la kwanza: karoti mpya za asubuhi, zilizolala kwangu chumbani mbali na bogoya, nimezimenya, limau nimechuja kwa chujio la chai. Saa saba: tamu.

Kopo la pili: karoti za stoo, zile zile za jirani na ndizi, nimezimenya na kukata vichwa, limau nimechuja. Saa saba: tamu pia. Nikaduwaa.

Kopo la tatu: karoti za stoo bila kumenya. Uchungu ulikuwepo, kidogo sana, mpaka niliwauliza wateja watatu: mmoja akasema chungu, mmoja akasema tamu, wa tatu akaomba nyama ya kuongezea.

Maji yamepungua sana. Natia chumvi mwisho, matundu makubwa, na bitiruti na mafuta yake pembeni. Dada Ntinda, Mungu akuzidishie.

MtuWaMaabara
Kopo la pili na la tatu yanasema ni ganda. Ganda na gesi vinakwenda pamoja, hoja yangu imesimama.

MamaBusia
Limau kwenye kopo la tatu ulichuja?

MpishiWandegeya
Hapo sasa. Malimau yalinishia. La tatu nilitia siki.

MamaBusia
Kwa hiyo huna jibu.

AfandeMstaafu
Umebadilisha karoti, ganda na limau kwa mkupuo mmoja. Jeshini tungekurudisha depo.

MzeeKasese
Na makopo yenyewe, yalikuwa mapya au ya zamani?

MpishiWandegeya
Mapya, mzee. Nimeyanunua kwa ajili ya jaribio.

MzeeKasese
Basi sabuni bado ipo kwenye orodha. Beseni lile la zamani hujalipima.

MkulimaKapchorwa
Mvua imeanza huku juzi. Karoti za mwezi ujao zitakuwa tamu, na kila mmoja hapa atasema ni ushauri wake.

Mwanafunzi_Mkr
Mpishi, ni wewe mwenye mwavuli wa kijani karibu na taa za barabarani? Nimekula leo. Ilikuwa nzuri. Nimemwambia mlinzi mapema, asije akaanza kucheka asubuhi.

MpishiWandegeya
Ni mimi. Kumbe ni wewe uliyeomba nyama ya kuongezea?